Jengo Si la Serikali, Kwa Nini Bodi Inikataze Kutundika Bango?

Swali: Kaka, shikamoo. Mimi ni mzaliwa wa Tanga, huu ni mwaka wangu wa tisa hapa Seattle. Nimekodi fremu Pioneer Square nifungue mgahawa wa chai, mandazi na vitumbua. Mkataba ni wa miaka mitano na nimeshasaini. Nilitaka kupaka ukuta wa mbele rangi ya manjano, kutoa madirisha ya mbao niweke ya alumini, na kutundika bango la plastiki lenye taa ndani. Mwenye jengo akaniambia nisiguse kitu, eneo lote linalindwa na kuna bodi lazima ikubali kwanza. Jengo ni la mtu binafsi, si la Serikali. Bodi inaingiaje hapo? Au nimeuziwa mbuzi kwenye gunia?

Jibu: Marahaba mdogo wangu, na hongera kwa kupata fremu. Nianze na lile linalokunyima usingizi: hujauziwa mbuzi kwenye gunia. Mwenye jengo amekwambia kweli, na amekwambia kabla hujaharibu kitu. Bodi ina nguvu ya kisheria, mkataba wako haukuepushi nayo, na ukiandaa maombi vizuri mgahawa utafunguliwa. Ila madirisha ya alumini, rangi ya manjano juu ya tofali na lile sanduku la plastiki lenye taa, hayo matatu yasahau. Nitakueleza sababu ya kila moja, maana ukiijua sababu utajua pia uombe nini badala yake.

Hilo la "jengo ni la mtu binafsi" huulizwa na kila mpangaji mpya. Hapa Marekani kuna orodha mbili za majengo ya kihistoria na watu huzichanganya. Ya kwanza ni ya taifa, iliyotokana na sheria ya uhifadhi ya mwaka 1966. Pioneer Square iliingizwa humo mwaka 1970. Orodha hiyo ina heshima kubwa lakini meno machache: mwenye jengo anayetumia fedha zake mwenyewe, bila ruzuku wala kibali cha serikali kuu, anaweza kulibomoa na orodha ya taifa isimzuie. Ya pili ni ya jiji. Mwaka huohuo wa 1970 Seattle ilipitisha sheria ndogo iliyoifanya Pioneer Square eneo la kwanza la uhifadhi katika jiji hilo, na hiyo ndiyo yenye meno. Inasema huwezi kubadili sura ya nje ya jengo, kutundika bango, kubomoa, kujenga, kugusa njia ya waenda kwa miguu, wala kubadili matumizi ya fremu, mpaka upate hati ya idhini. Maombi yanapitia kwenye bodi ambayo ndani yake wamo wasanifu majengo, wenye majengo, mfanyabiashara wa duka, mwanasheria, na hata mtu wa huduma za jamii. Huyo wa mwisho utaona baadaye kwa nini yumo.

Je, jiji lina haki ya kumwamuru mtu juu ya mali yake? Swali hilo lilifika Mahakama ya Juu ya Marekani. Kampuni ya reli ya Penn Central ilitaka kujenga mnara wa ofisi juu ya stesheni ya Grand Central, New York, jiji likakataa, kampuni ikashtaki ikidai imenyang'anywa mali bila fidia. Mwaka 1978 mahakama ikaamua kwamba jiji halikumnyang'anya mtu kitu: stesheni iliendelea kutumika kama stesheni, na mwenye mali aliendelea kupata mapato ya haki. Tangu hapo miji ya Marekani imesimama juu ya hukumu hiyo. Kwa hiyo ukisikia mtu barazani anakwambia "washtaki, watashindwa," mwache amalize kahawa yake.

Sasa kwa nini mtaa huu? Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu kila kanuni utakayokutana nayo imetokana na jambo lililowahi kutokea palepale ulipokodi.

Kabla ya mji wa Wazungu palikuwa na makazi ya Wasalish wa pwani, wenyeji asilia wa huko, karibu na maji yanayojaa na kupwa. Mwanzoni mwa miaka ya 1850 Henry Yesler akajenga hapo kinu cha kupasulia mbao kilichotumia mvuke. Magogo yaliteremshwa mlimani kwa kuburutwa, na njia yake ndiyo leo inaitwa Yesler Way. Unga wa mbao wa kinu kile ulitupwa kwenye matope ya ufukwe mpaka yakawa ardhi, na sehemu ya mtaa wako imesimama juu ya kifusi hicho. Mji ulikuwa wa mbao tupu: nyumba za mbao, njia za mbao, hata mabomba ya maji ya mbao.

Tarehe 6 Juni 1889, alasiri, katika karakana moja ya useremala, gundi iliyokuwa ikichemshwa ilishika moto. Kuna unga wa mbao sakafuni, kuna tapentaini, na msukumo wa maji mabombani ni mdogo. Kufikia usiku eneo lote la biashara la Seattle lilikuwa majivu. Wengine wangehama. Wao wakapiga mahema, wakauza bidhaa zao ndani ya mahema, na jiji likatoa amri kwamba kuanzia sasa eneo la biashara lijengwe kwa tofali na mawe. Mwaka 1880 Seattle ilikuwa na watu 3,533. Mwaka 1890 ilikuwa nao 42,837. Maduka ya watu hao wote yalijengwa kwa mara moja, ndani ya miaka michache, na mengi yakachorwa na mtu mmoja, msanifu Elmer Fisher. Ndiyo maana ukisimama kona ya First Avenue na Yesler na kutazama juu, unaona matao ya duara ya mawe mazito chini, tofali nyekundu juu, na madirisha yanayofuatana jengo hadi jengo kama mashairi ya vina. Ni mtaa uliojengwa kwa pumzi moja, na ni nadra sana kuupata mji uliobaki na kitu kama hicho.

Kuna jambo la pili walilofanya, na hili linahusu stoo yako. Mji wa zamani ulikuwa chini mno. Bamvua likijaa, maji machafu yalirudi juu kupitia vyooni. Baada ya moto jiji likaamua kuinua barabara, mahali pengine zaidi ya kimo cha ghorofa moja. Wenye maduka hawakusubiri, wakajenga palepale chini. Barabara ikapanda, maduka yakabaki shimoni, na kwa muda watu walishuka na kupanda kwa ngazi ili wavuke mtaa. Mwishowe njia mpya za miguu zikatandazwa juu, ghorofa ya kwanza ikawa chumba cha chini, na kati ya ukuta wa duka na ukuta wa barabara pakabaki mapango marefu. Ili mapango yapate mwanga wakapachika vipande vya kioo kinene kwenye njia ya miguu. Bila shaka umevikanyaga. Vina rangi ya zambarau leo, ila viliwekwa vikiwa vyeupe: kioo cha wakati ule kilitiwa madini ya manganizi ili kisiwe na rangi, na jua la zaidi ya miaka mia moja limekigeuza rangi.

Nakushauri kitu kimoja kuhusu hapo chini: usiweke unga. Mwenye jengo anaweza kukuambia una eneo kubwa la stoo bure. Mapango yale yana unyevu mwaka mzima, na viunzi vyake vinavyoshika njia ya miguu vinahitaji kukaguliwa. Weka viti vya akiba. Unga na sukari peleka juu.

Mwaka 1897 meli iitwayo Portland ilitia nanga ikiwa na dhahabu ya Klondike, kaskazini-magharibi mwa Kanada, na Pioneer Square ikajaa watu waliokuja kununua makoti, majembe na maharage kabla ya kwenda kaskazini. Fedha hizo zilijenga maduka zaidi. Kisha katikati ya mji pakahamia kaskazini, na mtaa huu ukaachwa. Kwa miongo mingi ulikuwa mahali pa vyumba vya bei rahisi, baa, misheni za kulisha wenye njaa, wakata miti waliomaliza msimu, wenyeji asilia waliokosa pa kwenda. Umaskini huo ndio uliookoa majengo: hakuna aliyekuwa na fedha za kuyabomoa ajenge mapya.

Mpaka mwaka 1961. Palikuwa na Seattle Hotel, jengo la pembetatu lililosimama kama pua ya meli pale ambapo mitaa inakutana kwa pembe. Lilibomolewa, pakajengwa maegesho ya magari ya zege ambayo wenyeji waliyaita "meli inayozama", kwa jinsi yanavyoinama kwenye mteremko. Bado yapo. Nenda kayatazame kabla hujaandika maombi yako. Simama upande wa Pioneer Building, lililojengwa 1892, kisha geuza shingo. Mwaka 1966 kukatolewa mpango wa kubomoa sehemu kubwa ya mtaa ili kupata maegesho zaidi na barabara ya mzunguko, na kila mtu alikuwa ameshaona maegesho ya kwanza yalivyo. Wasanifu kama Ralph Anderson walikuwa tayari wananunua majengo mabovu na kuyakarabati kwa fedha zao. Victor Steinbrueck, msanifu na mwalimu wa chuo kikuu, akapaza sauti. Mwandishi Bill Speidel akawa anawatembeza watu kwenye mapango ya chini kwa malipo madogo ili wajionee. Sheria ya 1970 ilizaliwa hapo. Mwaka uliofuata wakazi walipiga kura kuliokoa pia soko la Pike Place.

Kwa hiyo bodi inapokataa alumini yako, haikuhukumu wewe. Inakumbuka Seattle Hotel.

Tuje kwenye mambo yako matatu.

Rangi ya manjano. Tofali la 1890 ni laini kuliko la leo, na linapumua: mvua ikilowesha, unyevu hutoka wenyewe siku kavu ikifika. Ukilipaka rangi ya plastiki unaufungia unyevu ndani. Usiku wa baridi kali maji yale yanaganda, yanavimba, na uso wa tofali unabanduka. Wewe umekulia Tanga, umeona nyumba kuukuu ya mawe na chokaa ikipigwa lipu ya saruji: baada ya masika mawili lipu inatoka na vipande vya ukuta. Ni jambo lilelile. Nimelifanya kosa la namna hiyo kwa mikono yangu. Nilipokuwa kijana kwenye kazi, tulijaza viungo vya ukuta wa tofali za zamani kwa mota ya saruji ngumu badala ya chokaa, kwa sababu ilikuwa imara zaidi na inakauka haraka. Tulijisifu. Miaka michache baadaye nilipita pale nikakuta nyuso za matofali zimelala njiani kama maganda ya mayai, na mistari ya mota yetu imebaki imesimama mizima, imechomoza nje, bila tofali la kuishika. Niliokota kipande kimoja, kilikuwa kimeinama kidogo na upande wa ndani ulikuwa bado mbichi kwa maji. Mota lazima iwe dhaifu kuliko tofali, ili unyevu na mtikisiko vitokee kwenye mota, ambayo fundi anaweza kuichokoa na kuijaza upya. Fundi yeyote akikwambia "weka saruji, itadumu," mshukuru na umpungie mkono.

Manjano yako usiitupe. Sehemu za mbao na chuma za uso wa duka, yaani nguzo nyembamba, ukingo wa dirisha, mlango, ziliwahi kupakwa rangi tangu zamani na zinaweza kupakwa tena. Peleka kipande cha rangi chenyewe, si jina lake kwenye karatasi. Manjano iliyoiva kama embe dodo, iliyotulia, ina nafasi nzuri kuliko ile ya kung'aa.

Madirisha. Naelewa unachokiogopa: baridi na gharama ya kupasha joto. Lakini kabla ya kumwita mtu wa alumini, chukua kisu kidogo ukwangue rangi kwenye kona ya chini ya fremu ya dirisha, mahali pasipoonekana. Chini ya tabaka za rangi, kama ni dirisha la asili, utakuta mbao ya msonobari mkubwa wa msitu wa kale, mistari yake imebanana kiasi kwamba ukucha hauwezi kutenganisha mmoja na mwingine. Miti ya namna hiyo haipandwi kwenye mashamba ya mbao ya leo. Dirisha hilo limekaa zaidi ya miaka mia na linaweza kukaa mia nyingine kama likichokolewa puti, likatiwa mpya, likazibwa mianya na kurudishiwa kamba zake. Dirisha la alumini lenye vioo viwili likipoteza muhuri wake linatiwa ukungu katikati, na hapo hakuna cha kukarabati, linatupwa. Kwa baridi, omba dirisha la pili la ndani, kioo chepesi kinachopachikwa nyuma ya lile la zamani. Mtaani halionekani, joto linabaki, na kwa kuwa halibadili sura ya nje ni ombi jepesi.

Tazama pia juu ya dirisha kubwa la duka lako. Mara nyingi huko kuna safu ya vioo vidogo iliyofunikwa kwa mbao au dari ya kubandika miaka ya nyuma ili kupunguza joto. Ikiwa ipo, ifungue. Mwanga utaingia hadi nyuma ya mgahawa, na bodi itakuona mtu wa heri tangu dakika ya kwanza, kwa sababu umerudisha kitu badala ya kuomba kuondoa.

Bango. Lile sanduku la plastiki linakataliwa karibu popote penye sheria kama hii, na kwa mabango eneo lako lina kanuni kali, pamoja na kikomo cha ukubwa wa herufi. Sababu ni nyepesi: mtaa huu ulijengwa kwa watembea kwa miguu, na herufi kubwa za kuwaka humwita mtu wa gari huku zikiwafunika majirani zako. Wewe wateja wako wanatembea. Siku za mechi maelfu wanapita hapo kwenda viwanjani, kwa miguu. Omba vitu viwili: ubao mdogo wa mbao au chuma unaoning'inia pembeni kwenye mkono wa chuma, wenye taa ndogo inayoumulika kwa nje, na maandishi ya kuchora kwa mkono kwenye kioo. Herufi za dhahabu kwenye kioo cha duka, zikisema CHAI, hazihitaji ruhusa ya umeme na zinasomeka mchana kutwa. Fundi anapotundika mkono wa chuma, atoboe kwenye mota, asitoboe tofali. Tundu la mota litazibwa siku ukihama. Tofali lililopasuka halirudi.

Kuna jambo la nne ambalo hukuniuliza, na ndilo linalonitia wasiwasi kuliko yote: moshi wa mafuta. Mandazi na vitumbua ni vya kukaangwa, na jikoni la kukaanga linadai bomba kubwa la kutoa moshi. Bomba hilo haliwezi kutokea mbele, na likipanda juu ya paa bodi itataka kujua kama linaonekana mtaani. Mara nyingi jibu ni uchochoro wa nyuma au shimo la zamani la lifti au la dohani ndani ya jengo. Muulize mwenye jengo leo, kabla ya kesho, njia ya moshi ni ipi na nani analipia. Pia muulize fremu ilikuwa ya nini kabla yako. Kama ilikuwa ofisi au ukumbi wa picha, kuigeuza mgahawa ni kubadili matumizi, na hilo nalo linataka idhini. Matumizi yenyewe hayatakuletea shida, mtaa unapenda sana milango inayofunguka na watu wakae ndani. Ni karatasi tu, lakini ukiisahau unafungiwa. Kibali cha afya cha chakula ni kitu kingine kabisa, hakiingiliani na bodi.

Ndani ya mgahawa una uhuru mkubwa. Bodi inatazama nje. Sakafu, kaunta, meza, rangi za kuta za ndani, hayo ni yako na mwenye jengo. Isipokuwa hali moja, nayo ina fedha ndani yake, kwa hiyo soma taratibu.

Serikali kuu inampa mwenye jengo la kihistoria linaloingiza mapato punguzo la kodi ya mapato la asilimia 20 ya gharama za ukarabati, likigawanywa kwa miaka mitano, mradi gharama zivuke thamani ya jengo kwenye vitabu vyake vya kodi na kazi ikubaliwe na idara ya hifadhi za taifa. Mtu akiomba hilo, ukaguzi unaingia hadi ndani: dari za mabati ya kuchorwa, ngazi, nguzo. Jimbo la Washington nalo lina lake: ukitumia walau asilimia 25 ya thamani ya jengo kwenye ukarabati ndani ya miezi 24, gharama hizo zinatolewa kwenye thamani inayotozwa kodi ya jengo kwa miaka 10. Wewe kama mpangaji wa miaka mitano hutapata hilo la asilimia 20 moja kwa moja. Lakini kama mwenye jengo ana mpango wa kuliomba, ukarabati wa madirisha yako na uso wa duka unaweza kuingia kwenye hesabu zake. Hiyo ni hoja ya kumwekea mezani: "Nitasimamia kazi, wewe lipia, gharama uziingize kwenye maombi yako, na mimi nipunguzie kodi ya pango miezi ya mwanzo." Nimeona makubaliano kama hayo yakifanikiwa. Andikeni, msiachie maneno. Na kama yupo kwenye mpango huo tayari, usipake hata ukuta wa ndani kabla ya kumuuliza.

Watu hudhani kulinda maana yake ni kugandisha. Angalia kile kibanda cha chuma kwenye uwanja wa pembetatu, chenye nguzo za nakshi, cha mwaka 1909. Januari 2001 lori lilikata kona vibaya likakiangusha chote chini. Vipande vikaokotwa, vikapelekwa kwa mafundi jimbo la Utah, vikaungwa, na mwaka 2002 kikarudi kikiwa kimetiwa chuma cha pua ndani ya mwili wake ili safari nyingine kisisambaratike. Hakuna aliyelalamika kwamba si cha asili. Mwezi mmoja na kitu baada ya ajali ile, tarehe 28 Februari 2001, tetemeko la Nisqually la ukubwa wa 6.8 likatikisa mji, na Cadillac Hotel, jengo la tofali la baada tu ya moto, likaharibika hata mwenyewe akataka kulibomoa. Shirika la Historic Seattle likalinunua, likaliimarisha, na leo ndani yake kuna makumbusho ya taifa ya dhahabu ya Klondike. Hapo pana somo lako pia: majengo ya tofali yasiyo na nondo ni hatari katika tetemeko. Muulize mwenye jengo kama kuta zimefungwa kwenye sakafu kwa vyuma. Ukisimama nje uone vichwa vya bolti vimepangwa kwenye usawa wa kila ghorofa, ni dalili nzuri. Usipoviona, uliza zaidi, na meza ya nje usiiweke chini ya ukingo wa paa.

Sasa lile nililoahidi kuhusu mtu wa huduma za jamii kwenye bodi. Walioandika sheria walijua kwamba majengo yakipendeza, maskini waliokuwa wakiishi humo huondoka. Kwa hiyo waliweka ndani ya bodi sauti ya upande wao, na misheni bado zipo mtaani, na utawaona watu wakipanga foleni ya chakula hatua chache kutoka mlangoni kwako. Wafanyabiashara wengine huwaona kama kero. Mimi nawaona kama majirani waliotangulia, na ningependa uwajue kwa majina kabla ya kuwajua watalii.

Na hapa niseme wazi kitu ambacho sheria haikupi. Inalinda uso wa duka lako. Wewe mwenyewe haikulindi. Kodi ya pango ikipanda, bodi haina la kusema. Duka la vitabu la Elliott Bay lilifunguliwa Pioneer Square mwaka 1973, likawa moyo wa mtaa kwa zaidi ya miaka 30, na mwaka 2010 likahamia Capitol Hill, mtaa mwingine wa Seattle. Kuta zake zilibaki zinalindwa vilevile. Pike Place ni tofauti, kule mamlaka ya umma inamiliki majengo mengi na tume inatazama hata nani anauza nini. Kwako hakuna hilo. Kinga yako ni mkataba. Miaka mitano ni michache kwa mtu atakayekarabati madirisha ya mwenzake. Rudi kwa mwenye jengo, na hoja yako mkononi ni kazi utakayoifanya, umwombe haki ya kuongeza miaka mingine mitano kwa ongezeko la kodi lililoandikwa kabisa.

Kuhusu maombi yenyewe: piga simu kwanza kwa mtumishi wa jiji anayeshughulikia bodi, kabla ya kulipa fundi yeyote. Kazi yake ni kukwambia nini kitapita na nini hakitapita, na ni watu wa msaada. Piga picha za uso wa duka kutoka ng'ambo ya barabara, kisha karibu, kisha kila kona iliyooza. Bango lichorwe kwa vipimo, likionyesha litakapokaa na litakavyofungwa ukutani. Siku ya kikao nenda mwenyewe, usimtume mchoraji peke yake. Waeleze utauza nini, saa ngapi utafungua, na uwaambie umegundua nini chini ya ile mbao juu ya dirisha.

Ambalo linanirudisha hapo. Nitumie picha ya ile sehemu ya juu ya dirisha kubwa, ndani na nje, kabla fundi hajagusa msumari hata mmoja. Na picha nyingine ya mota, ya karibu, ukiwa umeweka sarafu pembeni ili nione upana wa kiungo. Nikiziona nitakwambia kama uanze na fundi wa mbao au mwashi.